Mkalimani na Kibuyu cha Maneno

Alikuwa na tabia iliyowachosha wageni na kutufurahisha sisi tuliomzoea: ukimsalimia kwa lugha moja, alikujibu kwa nyingine. Ukimwambia "Habari ya asubuhi, Mzee," alikuambia "Chamgei," salamu ya Kikalenjin. Ukimwambia "Chamgei," alikujibu kwa Kikuyu. Mhubiri mmoja kutoka ng'ambo alimsalimia kwa Kiingereza, akajibiwa kwa Kiluhya, akainamisha kichwa akidhani anaombewa. Mzee alicheka kimyakimya, mabega yakipanda na kushuka ndani ya koti lake la kijivu, kisha akarudi kwa lugha uliyoitaka.

Kapseret yote ilimwita Mkalimani. Jina lake la kitambulisho nililijua, maana mimi ndiye niliyekuwa nikimpigia fotokopi, lakini halikumkaa. Watu walibishana sana kuhusu kabila lake. Wanandi, Wakalenjin wa huku, walisema ni Mkikuyu aliyelelewa kwao, Wakikuyu walisema ni Mnandi aliyefanya kazi kwao. Ukimwuliza mwenyewe alisema, "Mimi ni wa hapa hapa," akionyesha chini kwa kidole, kana kwamba alikuwa mwenyeji wa ile futi moja ya udongo chini ya viatu vyake.

Duka langu la kuchapa na fotokopi liko Eldoret mjini, juu ya duka la dawa za mifugo, kwa hiyo hata mteja asiye na ng'ombe hunifikia akinukia dawa ya kupe. Kila Jumanne saa nne hivi nilisikia hatua zake kwenye ngazi. Aliketi, akatoa mfukoni daftari la shule lililokunjwa mara mbili, akalinyoosha kwa kiganja, akasema:

"Mama Jeruto, leo ni kurasa sita. Usibadilishe kitu."

Alisema hivyo kila Jumanne, na kila Jumanne nilibadilisha kitu, kwa sababu Mzee hakuwa na habari na koma. Alipogundua alininunia. "Hapo nilitaka msomaji akose pumzi," alisema. "Wewe umempa kiti akae."

Alichokuwa akiandika ni hadithi. Mtu wa karibu miaka sabini, aliyetafsiri mahubiri, matanga, mahari na kesi za mipaka, alikuwa anaandika habari za nchi ambayo haipo. Aliiita Orumaya. Ilikuwa na milima mingi hivi kwamba kila bonde lilikuwa na lugha yake, na watu wa bonde moja wakiwasikia wa bonde la pili wakiongea walidhani wana ugonjwa wa koo. Lakini katika nchi hiyo kulikuwa na kibuyu. Ulisema maneno yako kwenye mdomo wa kibuyu, ukauziba kwa kiganja, ukakitikisa mara tatu kama mtu anayetikisa mursik, maziwa yanayogandishwa kibuyuni, kisha ukammiminia mwenzako sikioni. Maneno yalitoka kwa lugha ya huyo mwenzako, yakiwa bado na joto la pumzi yako. Kibuyu kilitunzwa na mwanamke aliyeitwa Tiriva, ambaye alikisugua ndani kwa mkaa kila asubuhi. Siku ambayo hakukisugua, maneno yalichacha, na mtu aliyesema "karibu" alisikika akisema "toka."

Wafalme wa Orumaya walimwogopa Tiriva kuliko walivyoogopa radi. Nami, nikichapa, nilijikuta nikisubiri Jumanne. Kuna wateja waliokuja kupiga fotokopi ya karatasi moja wakakaa nusu saa, shingo zimenyooka juu ya bega langu, kujua kama mfalme wa bonde la chini amepata kibuyu au bado.

Usidhani alikuwa mtu wa ndoto. Kazini alikuwa chuma. Alisimama nusu hatua nyuma ya msemaji, mikono mgongoni, macho chini, na hakukosa neno. Ndege ikipita chini ikielekea uwanjani, alinyamaza, akaingoja ipite, akaendelea kutoka silabi ile ile aliyoiachia. Mhubiri akiruka, naye aliruka. Mhubiri akilia, alilia, na machozi yake yalikuwa ya kweli. Aliniambia hakuweza kutafsiri kilio kwa macho makavu.

Siku moja mgeni alihubiri kwamba dhambi zetu zitakuwa nyeupe kama theluji. Mkalimani hakusita. "Zitakuwa nyeupe kama mvua ya mawe iliyolala shambani mpaka saa nne," alisema kwa sauti kubwa. Kanisa zima likaguna kwa uchungu, kwa sababu mvua hiyo ya mawe ilikuwa imemaliza ngano ya watu mwezi uliopita. Mgeni alifurahi, akadhani wametubu. Mkalimani alitazama nyuso zile, akainua mkono. "Samahani. Nyeupe kama povu la maziwa ya asubuhi." Hapo watu wakasema amina.

Alikuwa na msemo mmoja aliorudia sana. "Kiswahili cha kununua sukari kila mtu anacho," alisema. "Cha kugombana ndicho hatuna. Mtu akikasirika anarudi kwa lugha ya mama yake." Ndiyo sababu walimwita hata watu walioongea Kiswahili kila siku sokoni. Jambo likiwa zito, walitaka kulisema kwa lugha iliyowanyonyesha, na walitaka Mkalimani alibebe kuvuka.

Nyumbani kwake, lugha zote hizo zilivuliwa mlangoni pamoja na viatu. Mke wake, mama mnene mcheshi aliyependa kunishika mkono akiongea, aliniambia, "Ana lugha saba, na hakuna hata moja ya kuniambia ametoka wapi." Nilishawahi kukaa kwao alasiri nzima, na Mzee akasema maneno manne, matatu kati ya hayo kwa ng'ombe.

Na kulikuwa na asali.

Nililiona jambo hili mapema, nikalichukulia kama utani. Siku moja alipita dukani akitoka Kaptagat, alikoitwa kumtafsiria mgeni mwandishi aliyekuja kuhoji wakimbiaji kambini. Mgeni alimwuliza kijana mmoja kwa nini aliongeza mwendo katikati ya mbio. Kijana akajibu kwa Kikalenjin kwamba alitaka kwenda msalani.

"Ukamwambiaje mgeni?" nikamwuliza.

"Nilimwambia amekumbuka kijiji chake, akapata nguvu." Mabega yakapanda na kushuka. "Nilitia asali kidogo tu, mama. Ile habari itasomwa na mama yake."

Nilicheka sana. Nilikuwa nimesahau kwamba huyu ndiye mtu aliyenikasirikia kwa koma moja. Maneno yake mwenyewe yasiguswe, lakini ya wengine aliyafinyanga alivyotaka. Hata kwenye hadithi yake kulikuwa na sura ambamo Tiriva, akichoka na vita vya wafalme, alipaka asali kidogo kwenye mdomo wa kibuyu kabla ya kutikisa, na matusi yote yakatoka yakiwa salamu. Orumaya ikaishi kwa amani miaka mia moja. Mzee aliipenda sura hiyo. Alinifanya niichape kwa herufi kubwa zaidi.

Kuna wakati binti yangu Jeruto alimwonyesha simu inayotafsiri. Mzee aliishika kwa mikono miwili. Akaiambia pole pole, kwa Kiswahili safi, "Jirani yangu ana mkono wa birika." Simu ikamwambia kwa Kiingereza kwamba jirani yake ana mkono wa birika la chai. Alicheka mpaka akakaa. Kisha akafuta macho, akaitazama tena, safari hii bila kucheka. "Lakini haikuongeza kitu," alisema. "Imesema alichosema mtu. Ni mjinga, lakini ni mwaminifu."

Nadhani wakati huo tayari alikuwa anajua kinachokuja.

Kule Kapseret kulikuwa na majirani wawili, wazee wote wawili. Mmoja alikuwa mfugaji mwenyeji wa hapo, mtu mrefu mwenye ng'ombe kumi na wawili wa maziwa. Mwingine alikuwa mama mjane, aliyehamia kutoka Mkoa wa Kati na marehemu mumewe, mwenye shamba la mahindi na kibanda cha kuuza mboga. Mfugaji alipitisha ng'ombe wake kwenye pembe ya shamba la mjane kwenda mtoni. Mjane alichoka na mahindi yake kukanyagwa. Wakakubali kukaa chini, na kila mmoja, kwa kuwa jambo lilikuwa limefika kooni, akataka kuongea lugha yake. Wakamwita Mkalimani. Walikuwa watatu tu, pale ukingoni mwa shamba.

Wakaongea. Mkalimani akatafsiri. Wakashikana mikono, na mjane akawapa wote wawili viazi vya kupeleka nyumbani.

Mahindi yalipovunwa, mjane aliweka seng'enge, pembe hadi pembe. Asubuhi ya pili mfugaji alifika na ng'ombe akakuta njia imefungwa. Akaita, hakuna aliyetoka. Akakata waya. Ng'ombe mmoja mwenye mimba akanaswa mguu, akaruka, akaangukia kwenye mtaro wa maji na kuvunjika shingo. Kelele zikawatoa vijana wa nyumba zote mbili, na vijana wakaja na panga. Kabla majirani hawajawatenganisha, mwana wa mjane alikuwa amepoteza vidole viwili vya mkono wa kushoto.

Chifu akaita baraza. Nilikuwepo, kwa sababu duka la marehemu baba yangu liko jirani na nilikuwa nimekwenda kumwona mama. Watu walikuwa wengi kuliko nilivyowahi kuona pale, wamejigawa, huku Wanandi na kule Wakikuyu, na katikati pametokea uwazi wa nyasi ambao hakuna aliyetaka kuukanyaga. Kijana mwenye mkono uliofungwa alikaa karibu na mama yake, akitazama chini.

"Huyu mama alinipa njia!" mfugaji alipaza sauti, kwa Kiswahili chake cha kukatika. "Alisema nipite!"

"Nilisema apite mpaka mavuno!" mjane akajibu. "Mpaka mavuno! Na yeye akashukuru. Mwongo huyu!"

"Nani mwongo?"

Upande mmoja ukasimama. Upande wa pili ukasimama. Nikaona mtu karibu nami akiinama kuokota kitu, na nikamshika mama yangu mkono ili tuondoke.

Hapo Mkalimani alitembea akaingia kwenye ule uwazi wa nyasi. Alivua kofia. Hakusimama nusu hatua nyuma ya mtu yeyote. Hakukuwa na mtu mbele yake.

"Hakuna mwongo hapa isipokuwa mimi," alisema.

Akasema kwa Kiswahili, akarudia kwa Kinandi, akarudia kwa Kikuyu, na mara zote tatu ilikuwa sentensi ile ile, bila neno kuzidi wala kupungua.

Kisha akafanya jambo ambalo sikuwahi kuliona. Alirudisha mazungumzo yote ya siku ile, kutoka kichwani, jinsi yalivyosemwa. Alisema: "Mzee huyu alisema, 'Mwambie huyo mwanamke nitapita pale mpaka nife, na akiweka fensi nitaichoma, kwa sababu ng'ombe wangu wawili wamekufa kwa lami nikiwapitisha kando ya barabara, na sitazika wa tatu.' Mimi nikamwambia mama, 'Anaomba umpe muda.' Mama akasema, 'Nampa mpaka mavuno, siku moja zaidi sitaki kumwona.' Mimi nikamwambia mzee, 'Amekubali upite.' Niliona wamekasirika. Nikaona nikisema yote watapigana. Nikatia asali. Asali hiyo ndiyo imekata vidole vya huyu kijana."

Niliona mke wake amejifunika uso kwa leso.

Wa kwanza kusema alikuwa mjane. Alimtazama mfugaji, si Mkalimani. "Ng'ombe wako walikufa kwa barabara?"

"Wawili," mfugaji akasema. "Lori."

"Na mbona hukuniambia?"

"Nilikuambia!"

Mjane akapiga mapaja kwa viganja. "Ungeniambia hivyo ningekupa njia ya kule chini kwa bwawa siku ile ile. Huko hata sipandi kitu. Mimi nilidhani ni madharau tu."

Ndipo nilipoelewa, na naamini Mkalimani naye alielewa hapo hapo, kwa jinsi mdomo wake ulivyobaki wazi. Tishio na sababu vilikuwa vimetoka kwa pumzi moja. Alipolitupa tishio, alitupa na sababu. Alimwondolea yule mzee ukali wake, na pamoja nao akamwondolea ng'ombe wawili waliokufa, ambao ndio wangemfanya mjane amhurumie.

Watu walitawanyika bila kurushiana hata jiwe. Wiki hiyo mfugaji alipewa njia ya bwawa. Mkalimani alimpelekea mtamba wake mmoja, yule mwekundu aliyempenda, na kwa kijana alikwenda kila siku mwezi mzima kumkamulia ng'ombe mpaka mkono ulipopona. Kijana hakumsemesha hata siku moja. Mkalimani alikamua, akaweka ndoo mlangoni, akaondoka.

Baada ya hapo hakuna aliyemwita tena. Makanisa yalipata vijana wa kutafsiri. Watu walimsalimia kwa heshima, lakini maneno yao hawakumpa.

Mimi nilikuwa na swali langu. Jumanne iliyofuata baraza nilimngoja, na alipoketi na daftari lake nilifunga mlango.

Niseme hapa kwamba Mkalimani nilimjua kwa mara ya kwanza siku ya mahari yangu. Mimi ni binti wa Wakikuyu wa Kapseret, nimeolewa na mtu wa Cheptiret, Mkalenjin. Siku wazee wa mume wangu walipokuja, baba yangu hakuwaongelesha Kiswahili. Aliongea Kikuyu, maneno machache ya chini chini yaliyomfikia Mkalimani tu, akiwa ametazama ukuta, nilivyoambiwa baadaye, na mimi nilikuwa jikoni na mashangazi, siruhusiwi kutoka. Nilisikia tu sauti ya Mkalimani ikisema, "Baba anasema anawaamini, na anawapa binti yake kwa moyo mweupe." Wageni wakapiga makofi. Miaka kumi na minne niliishi na sentensi hiyo, na ilinichoma kila nilipokuwa na shida katika ndoa, kwa sababu niliona baba alinitoa kama mtu anayefungua mlango kuku atoke. Sikuwahi kumlilia. Sikuwahi kurudi nyumbani hata siku nilizotaka kurudi. Baba akafa nikiwa bado nimemkasirikia kidogo.

"Mzee," nikamwambia, "siku ya mahari yangu, baba alisema nini?"

Alikunja daftari. Alilikunja tena. Nikajua.

"Alisema hivi," akasema, kwa Kikuyu, na ilikuwa sauti ya baba, mpaka kile kikohozi kidogo katikati. "'Mwambie huyu mzee, binti yangu akilia kwake hata siku moja, nitakuja kumchukua kwa miguu. Sitangoja gari. Mwambie njia ya Cheptiret naijua.'"

Nje mtu alikuwa anajaribisha honi ya pikipiki, tena na tena. Nilikuwa na umri wa miaka thelathini na saba, na ndiyo siku ya kwanza niliyoambiwa kwamba baba alikuwa tayari kutembea kutoka Kapseret hadi Cheptiret kwa ajili yangu.

"Mbona ulinificha?"

"Niliogopa wataondoka, mama. Ulikuwa jikoni unalia, nilidhani unalia kwa kumpenda yule kijana."

"Nilikuwa nakata vitunguu!"

Hakucheka, nami sikucheka. Nilimwambia atoke. Alitoka, daftari akaliacha juu ya meza, na miezi mingi sikuligusa. Nilipolifungua hatimaye, nilikuta amefuta sura ile ya asali, mstari kwa mstari, akaandika nyingine. Ndani yake Tiriva anasugua kibuyu kwa mkaa usiku na mchana mpaka ladha yote ya asali inatoka, kisha anawamiminia wafalme maneno yao yote ya miaka mia, matusi na sababu zake. Wafalme wanakaa siku tatu bila kuongea. Hapo ukurasa unaishia. Niliichapa. Sikuongeza koma hata moja.

Hatukuonana karibu miaka miwili.

Agosti iliyopita mama mkwe wangu aliugua, ugonjwa wa kulala kitandani na kutoinuka. Yeye na mimi tulikuwa tumeishi kwa adabu. Kinandi changu ni cha sokoni na Kiswahili chake kilikuwa cha sukari, na hapo katikati tulipeana chai, mboga na watoto wa kushika. Alasiri moja aliniita chumbani, akasema kwa Kiswahili chake kidogo kwamba ana jambo la kuniambia, na hataki mwanawe alitafsiri.

"Yeye ataficha," alisema. "Niletee yule mzee. Yule wa Kapseret aliyesema mbele ya watu kwamba yeye ni mwongo."

Nilimfuata mwenyewe. Nilimkuta kwenye zizi, amekonda, koti limekuwa kubwa. Nilimsalimia kwa Kiswahili, na kwa mara ya kwanza alinijibu kwa Kiswahili. Nikamweleza.

"Tafuta mwingine," alisema.

"Amekutaja wewe, Mzee."

"Mimi siwezi tena hiyo kazi. Nikisikia neno gumu mkono unatafuta asali. Ni mazoea."

"Basi uuzuie mkono," nikasema, na nilisema kwa ukali kuliko nilivyokusudia. "Baba yangu hawezi kurudia maneno yake. Huyu mama bado anapumua."

Alinawa mikono, akavaa kofia.

Tulifika Cheptiret jua likiwa bado juu. Mama mkwe alikuwa ameegemezwa kwa mito, kitambaa safi kichwani. Mkalimani alikataa kiti. Alisimama nusu hatua nyuma ya kitanda, mikono mgongoni. Mama mkwe aliongea kwa muda mrefu, macho kwenye dirisha, sauti yake nyembamba lakini imenyooka. Nilidaka neno hapa na pale, mtoto, mvua, siku. Alipomaliza alifunga macho.

Mkalimani alinitazama.

"Anasema, 'Sikukutaka.'"

Akatazama chini. Nikangoja.

"Anasema, 'Nilimwambia mwanangu akurudishe kwenu. Mara mbili. Mara ya pili ulikuwa na mimba ya Jeruto. Mtoto alipozaliwa nilikaa siku nane bila kuja, nikasema ni malaria. Haikuwa malaria. Nilikuwa nakaa hapa hapa mlangoni, nikiangalia barabara, nikiona aibu kuja na nikiona uchungu kutokuja.'" Mikono ya Mkalimani ilikuwa imetoka mgongoni, imeshika chuma cha kitanda. "Anasema, 'Wewe hukunikosea kitu. Nilitafuta kosa miaka mingi. Sasa wasichana wangu wananiogesha na wana haraka, wananigeuza kama gunia. Nataka uniogeshe wewe. Ukikataa sitakulaumu.'"

Jogoo mmoja alipita mlangoni, akachungulia, akaenda zake.

"Mwambie nilijua," nikasema.

Akamwambia. Mama mkwe akafungua macho.

"Mwambie nilijua hata ile malaria. Na mwambie kwamba mimi pia nilimchukia. Siku zile nane, nililia, nikamlaani."

Mkalimani aligeuza uso kwangu. "Hiyo pia?"

"Hiyo pia, Mzee."

Akainama karibu na sikio la mama mkwe wangu, akasema. Kinandi changu cha sokoni kilitosha kunijulisha kwamba hakupunguza: nililisikia lile neno la kulaani, zima, na makali yake.

Tumbo la mama mkwe likaanza kutikisika chini ya blanketi, nikaogopa, nikamkimbilia, kumbe anacheka. Alicheka mpaka akakohoa. Alinishika kifundo cha mkono kwa vidole vyake vikavu na kusema jambo fupi, akimtazama Mkalimani ili alipokee.

"Anasema..." Mkalimani akaanza, na sauti ikamkatika. Alijaribu tena. "Anasema, 'Hiyo ndiyo nilitaka kusikia. Nilidhani ulikuwa hunioni.'"

Alisimama wima, akapangusa uso kwa kofia, akatoka nje bila kuaga. Nilimsikia uani akimwuliza shemeji yangu, kwa Kinandi, kuni ziko wapi. Nilipotoka kutafuta karai, alikuwa amepiga magoti mbele ya jiko la mawe, amevua lile koti, anapuliza moto chini ya sufuria kubwa ya maji.

"Lete sabuni, mama," aliniambia, moshi machoni. "Hii imeanza kupata moto."